Usemi wa Askari katika Filamu ya Camp de Thiaroye

Aghalabu maneno ya filamu za vita yanayobaki vichwani mwa watazamaji huwa ni maneno ya wakubwa wa jeshi. Filamu ya Patton, iliyotolewa mwaka 1970, inaanza kwa hotuba ya jenerali aliyesimama mbele ya bendera kubwa ya Marekani. Askari anaowahutubia hawaonekani. Katika mtindo huo askari wa kawaida amefanywa kuwa sikio tu. Filamu ya Camp de Thiaroye, iliyoongozwa na Ousmane Sembène pamoja na Thierno Faty Sow na kutolewa mwaka 1988, iliupindua mtindo huo. Humo askari ndiye msemaji, na anasema kwa lugha ambayo jeshi lenyewe lilimpa ili apokelee amri.

Kabla ya kuuchunguza usemi huo, yafaa kulikumbuka tukio lenyewe. Mwaka 1857 Wafaransa waliunda kikosi cha askari wa Kiafrika kilichojulikana kama Tirailleurs Sénégalais, ingawa baadaye wengi wa askari wake hawakutoka Senegal. Mwaka 1940 maelfu yao walipigana Ufaransa, na wengi wakatekwa na Wajerumani. Mwezi wa Novemba 1944, zaidi ya elfu moja wa mateka hao waliokombolewa walifikishwa katika kambi ya Thiaroye, karibu na Dakar. Walidai malimbikizo ya mishahara yao na kiinua mgongo walichoahidiwa. Tarehe 1 Desemba 1944 walipigwa risasi na jeshi walilolitumikia. Taarifa ya kijeshi ilitaja watu 35 waliokufa. Wako wanahistoria wanaokadiria kuwa waliouawa walikuwa mamia. Mwaka 1945 askari 34 walihukumiwa kifungo kwa kosa la uasi. Serikali ya Ufaransa ilingoja hadi Novemba 2024 ndipo Rais wake alipoyaita mauaji hayo kuwa ni mauaji ya halaiki.

Sembène alilijua jeshi hilo kwa ndani, kwani yeye mwenyewe aliandikishwa humo mwaka 1944. Alijua pia lugha yake. Askari hao walifundishwa Kifaransa kilichopunguzwa makusudi: vitenzi havikunyambuliwa, na tofauti za jinsia ya nomino zikaachwa. Mwaka 1916 kilichapishwa hata kitabu kidogo cha kuwaelekeza maofisa namna ya kukisema. Hapana budi kulitilia mkazo jambo hili. Upungufu wa lugha ya askari haukutokana na upungufu wa akili yake, ulikuwa mtaala. Kisha mtaala huohuo ukatumiwa kuwa ushahidi kwamba askari ni mtoto.

Katika filamu, mhusika anayeivunja hoja hiyo waziwazi ni Sajini-meja Diatta. Huyu anasema Kifaransa sanifu na Kiingereza, na anapotembelewa na jamaa zake anasema Kidiola. Maofisa wanastaajabu, na mshangao wao unadhihirisha walivyokwisha kumhukumu. Hata hivyo ufasaha haumpi kinga. Anapoingia katika danguro moja la Dakar akiwa amevaa sare ya Kiamerika, anapokewa kwa heshima kwa kudhaniwa kuwa Mwamerika mweusi. Mara inapojulikana kwamba ni askari wa Kiafrika wa Ufaransa, anafukuzwa, kisha anapigwa na polisi wa jeshi la Marekani.

Lakini nguvu kubwa ya filamu haimo katika ufasaha wa Diatta. Imo katika mazungumzo ya wenzake, ambao hawana lugha nyingine ya pamoja ila Kifaransa hicho cha kambini. Kwa lugha hiyo wanakataa chakula kibaya, na wanapinga agizo kwamba noti zao za Ufaransa zibadilishwe kwa nusu ya thamani. Hoja zao ni za hesabu na za haki: walivuja damu ile ile, basi fedha yao haiwezi kuwa nusu ya fedha. Sarufi yao ina kasoro, mantiki yao haina. Kwa upande wa pili yuko jenerali waliyemzuia kambini. Anawaahidi kwa neno la heshima ya mwanajeshi kwamba watalipwa kama wanavyodai, nao wanamwachilia. Kifaransa chake hakina dosari, na ni uongo mtupu.

Mhusika wa tatu hasemi kabisa. Jina lake ni Pays, neno la Kifaransa lenye maana ya nchi. Alifungwa katika kambi ya mateso ya Buchenwald, na huko akapoteza usemi. Anapouona uzio wa seng'enge wa Thiaroye anaingiwa na hofu ya zamani. Usiku wa mwisho akiwa zamuni, anaviona vifaru vikija, na kwa ishara na miguno anajaribu kuwaamsha wenzake. Wanamdhania mwendawazimu anayeota Ujerumani. Kihistoria mauaji yalitokea asubuhi. Watengenezaji waliyahamishia usiku, pengine ili bubu awe ndiye shahidi wa pekee. Kwa hiyo wale waliodharauliwa kwa ajili ya lugha yao nao wanashindwa kumsikiliza asiye na lugha.

Jambo hili linaigusa pia Afrika Mashariki. Katika King's African Rifles, jeshi lililoundwa mwaka 1902, askari wa makabila mengi waliunganishwa kwa Kiswahili cha kambini kilichoitwa KiKAR, ambacho kiliacha sehemu kubwa ya upatanisho wa ngeli. Wataalamu wa lugha wamezoea kukitaja kama Kiswahili kibovu, kisha wakakipita. Lakini mtu asemaye "mtu kubwa" amekosa ngeli tu. Hajakosa kumjua mkubwa wake, wala mshahara anaomdai. Waliopigana Burma katika mwaka ule ule wa 1944 walisimuliana vita hiyo kwa lugha hiyo. Mwanahistoria anayesahihisha ushahidi wao kabla ya kuusikiliza atapata sentensi safi, na atawapoteza wasemaji.