Filamu fupi zilizowapa nafasi wanamuziki weusi wa jazi

Kabla ya televisheni kuenea, mtu aliyekwenda sinema nchini Marekani hakuonyeshwa filamu moja pekee. Filamu kuu ilitanguliwa na habari, katuni na, mara nyingi, filamu fupi ya muziki ya dakika 10 hadi 20. Kwa njia hiyo wakazi wa miji midogo waliziona bendi kubwa za jazi walizozisikia redioni.

Kampuni za RKO, Warner Brothers na Paramount zilizitengeneza kwa wingi baada ya sauti kuingia katika sinema mwishoni mwa miaka ya 1920. Katika Black and Tan ya mwaka 1929, iliyoongozwa na Dudley Murphy, Duke Ellington ni mtunzi fukara ambaye piano yake inafuatwa na watu waliotumwa kuichukua kwa sababu ya deni. Mwaka 1935 alikuwa tena mtunzi katika Symphony in Black ya Fred Waller, ambamo Billie Holiday aliimba katika filamu kwa mara ya kwanza.

Nafasi hiyo haikuwa ndogo. Katika filamu ndefu za Hollywood, Mmarekani mweusi kwa kawaida aliigiza mtumishi. Wanamuziki weusi nao walipewa kipande kinachojitegemea, ili wenye kumbi za majimbo ya Kusini waweze kukikata bila kuvuruga hadithi. Katika filamu fupi, bendi ndiyo iliyokuwa hadithi yenyewe, ingawa mizaha ya kuwadhalilisha watu weusi haikukosekana.

Mtindo wa swingi ulipotia fora, filamu hizo zilifika hata kwenye baa. Mwanzoni mwa miaka ya 1940, mashine iitwayo Panoram ilionyesha filamu za dakika tatu, zilizojulikana kama Soundies, kwa senti 10. Mteja hakuweza kuchagua wimbo. Alitazama uliofuata katika mkanda wa filamu nane. Wanamuziki walirekodi sauti kwanza, kisha wakaigiza kupiga ala mbele ya kamera. Ellington, Count Basie na Cab Calloway ni miongoni mwa walioshiriki.

Filamu zilizotengenezwa ili kujaza muda zimekuwa kumbukumbu adimu ya bendi hizo zikiwa kazini. Mwaka 2015, Black and Tan iliingizwa katika orodha ya filamu zinazohifadhiwa kwa niaba ya taifa, chini ya Maktaba ya Bunge la Marekani.