Bamba na Risasi: Majaribio ya Deraya za Vifaru vya Uingereza, 1915–1918

Utangulizi

Kupima uimara wa chuma mbele ya risasi huonekana kuwa jambo jepesi: bamba husimamishwa, bunduki hufyatuliwa, kisha hutazamwa kama risasi imepenya au imezuiwa. Insha hii inachunguza vifaru vya kwanza vya Uingereza katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia ili kuonesha kwamba jibu la jaribio la namna hiyo halitengani na masharti yake. Hoja kuu ni kwamba majaribio yalitoa majibu sahihi kuhusu bamba fulani, risasi fulani na umbali fulani. Kosa lilizuka pale majibu hayo yalipogeuzwa kuwa kanuni. Waliolipia kosa hilo ni askari waliokuwa nyuma ya bamba na, baadaye, wale waliokuwa mbele yake.

Chuma cha boila

Kifaru kilizaliwa katika kiwanda cha zana za kilimo. Kampuni ya William Foster ya mjini Lincoln ilijulikana kwa mashine za kupura nafaka na matrekta kabla William Tritton na Walter Wilson hawajaunda humo, mwaka 1915, chombo kilichoitwa Little Willie. Injini yake ilikuwa ya trekta zito, na mwili wake ulikuwa wa mabamba ya boila. Chuma cha boila hutengenezwa ili kistahimili shinikizo la mvuke na kukunjika bila kupasuka. Ulaini huo, ambao ni sifa njema katika boila, huwa udhaifu mbele ya risasi.

Chombo kilichofuata, Mother, nacho kilijengwa kwa chuma cha boila. Maonesho yake ya Hatfield, Januari 29 na Februari 2, 1916, yalilenga hasa uwezo wa kuvuka mahandaki na vizuizi. Kwa hiyo viongozi walioidhinisha silaha hiyo, akiwamo Waziri wa Silaha, David Lloyd George, waliona mwendo wake kuliko kinga yake. Vifaru vya Mark I vilivyotengenezwa kwa ajili ya vita vilipewa mabamba yaliyogumishwa, yenye unene wa milimita 6 hadi 12. Mabamba hayo yalizuia risasi za kawaida za bunduki ya Kijerumani, zenye kipenyo cha milimita 7.92, vifaru hivyo vilipoingia vitani kwa mara ya kwanza huko Flers-Courcelette, Septemba 15, 1916.

Kipenyo kilekile, risasi nyingine

Hata hivyo, kipenyo pekee hakikuwa kipimo cha kutosha. Jeshi la Ujerumani lilikuwa na risasi iliyoitwa K, yenye kipenyo kilekile cha milimita 7.92 lakini yenye kiini cha chuma kigumu badala ya risasi laini. Ilitumiwa kutoboa ngao za chuma walizojificha nyuma yake walenga shabaha mahandakini. Bunduki haikubadilika, mtutu haukubadilika. Kilichobadilika ni kiini, na bamba lililokuwa salama likawa si salama.

Aidha, swali la kama risasi imepenya au haikupenya lilificha madhara mengine. Risasi iliyozuiwa ilisambaratika juu ya bamba, na vipande vyake vya moto vikapita kwenye maungio na matundu ya kuchungulia. Vibanzi vya chuma navyo viliweza kubanduka upande wa ndani. Wanajeshi wanane wa kila kifaru walipewa barakoa za ngozi na chuma zenye wavu wa minyororo mdomoni. Barakoa hizo ni ushahidi kwamba bamba lililofaulu jaribio liliweza bado kumpofusha mtu aliyekuwa nyuma yake.

Funzo la Bullecourt

Tukio lenye uzito zaidi ni la Aprili 11, 1917, huko Bullecourt. Vifaru kumi na kimoja vilipelekwa kuwasaidia askari wa Australia. Vilikuwa vya Mark II, aina iliyokusudiwa mafunzo. Vifaru viwili vilitekwa; Wajerumani walivichunguza na kuthibitisha kwamba risasi ya K hupenya deraya, kisha wakaisambaza zaidi kwa askari wao wa miguu.

Maandishi mengi hueleza kwamba mabamba ya Mark II hayakugumishwa. Baadhi ya waandishi hulitilia shaka dai hilo. Mjadala huo haubadilishi kiini cha hoja. Hata kama jibu lilikuwa sahihi kwa Mark II, halikufaa kwa Mark IV, kilichoingia vitani Messines Juni 7, 1917, kikiwa na deraya iliyoimarishwa mahsusi dhidi ya risasi ya K. Askari wa miguu wa Kijerumani aliyeamini matokeo ya Bullecourt alikabili chuma ambacho risasi yake haikuwahi kujaribiwa nacho. Mwaka 1918 Ujerumani ilileta bunduki ya Mauser yenye kipenyo cha milimita 13.2, iliyoweza kutoboa zaidi ya milimita 20 za chuma katika umbali wa mita 100. Kwa mara nyingine, usalama wa jana haukuwa hoja ya leo.

Hitimisho

Historia hii inamtahadharisha mtafiti dhidi ya kuandika kwamba chuma fulani "kilizuia risasi" bila kutaja unene wake, namna kilivyogumishwa, aina ya risasi na umbali. Pia inamtaka aulize jaribio lilibuniwa kujibu swali gani. Majaribio yaliuliza kama bamba litabaki zima. Mwanajeshi aliyevaa barakoa ya minyororo alikuwa na swali tofauti: kama yeye mwenyewe atabaki mzima. Maswali hayo mawili yalihusiana, lakini hayakuwa swali moja.