Kura Mbili za Limuru: Safari ya Akina Mama Kuingia Ukasisi

Kamati ya jubilei ilituomba sisi kwaya tuandike ukurasa wa historia. Habari za kuanzishwa kwa kwaya yetu wazee wamekwisha kuzieleza katika kurasa zilizotangulia, nasi hatutazirudia. Tumechagua jambo ambalo tumeliona kwa macho yetu katika miaka hii 50: jinsi akina mama walivyofika kwenye meza ya Bwana wakiwa makasisi. Wengi hudhani lilianzia Uingereza, likatufikia sisi mwisho. Sivyo lilivyokuwa.

Madhehebu mengine yalitangulia. Kule Marekani, Antoinette Brown aliwekewa mikono na Wakongregesheni mwaka 1853. Kwetu Waanglikana wa kwanza alikuwa Mchina, Florence Li Tim-Oi, aliyezaliwa Hong Kong mwaka 1907. Baba yake alimpa jina lenye maana ya mtoto apendwaye sana, wakati ambao wengi walitamani wavulana tu. Mwaka 1941 alifanywa shemasi, akatumwa Macau, koloni la Ureno. Vita vikaja. Wajapani wakaiteka Hong Kong, lakini Macau haikutekwa, hivyo wakimbizi wakajaa huko na hakuna kasisi aliyeweza kuvuka kuwapelekea ushirika. Shemasi Li alibatiza, alizika, alifariji wenye njaa. Kuweka wakfu mkate na divai, hata hivyo, ni kazi ya kasisi. Askofu wake, Ronald Hall, kwanza alimruhusu aifanye akiwa shemasi vivyo hivyo. Baadaye akaona afadhali ampe daraja kamili kuliko kuendelea kukiuka utaratibu. Tarehe 25 Januari 1944 walikutana katika sehemu ya China isiyokuwa mikononi mwa Wajapani, naye akamwekea mikono.

Vita vilipokwisha viongozi wa kanisa walikasirika. Mwaka 1946, ili askofu wake asisumbuliwe, Mama Li alirudisha kibali cha kuhudumu kama kasisi. Daraja lenyewe hakulikana. Wakati wa Mapinduzi ya Utamaduni makanisa ya China yalifungwa, naye akafanyishwa kazi za shamba. Alisimama tena madhabahuni kama kasisi akiwa mzee, kule Kanada, alikofariki mwaka 1992.

Sasa tuje nyumbani. Mkutano wa maaskofu wa Lambeth mwaka 1968 haukukata shauri. Uliagiza kwamba kanisa lolote linalotaka kuwawekea wanawake mikono lishauriane kwanza na chombo kipya, Baraza la Ushauri la Kianglikana. Kikao cha kwanza kabisa cha baraza hilo kilifanyika hapa Kenya, Limuru, mwanzoni mwa mwaka 1971. Askofu Gilbert Baker wa Hong Kong alileta swali lake: akiwapa wanawake ukasisi kwa idhini ya sinodi yake, je, wenzake watamkubali? Kura zikapigwa. Waliokubali 24, waliokataa 22. Mjumbe mmoja tu angegeuza kura yake, zingekuwa 23 kwa 23. Tunapopita Limuru kwa matatu tukielekea kwenye mashindano ya kwaya, wangapi kati yetu hukumbuka kwamba jambo zito namna hii liliamuliwa pale?

Novemba mwaka huo huo, Hong Kong ikawapa ukasisi Jane Hwang na Joyce Bennett. Huyu wa pili alikuwa Mwingereza na mwalimu mkuu wa shule ya wasichana. Walimu wenzake tuliomo kwenye kwaya hatuna budi kutabasamu.

Ajabu ni kwamba Kenya, iliyokuwa mwenyeji wa kura ile, ilikaa miaka 12 kabla ya kumwekea mikono kasisi mwanamke. Walionukuu waraka wa kwanza kwa Timotheo walistahili kusikilizwa, maana wengi walikuwa wacha Mungu wa kweli. Lakini kwa maoni yetu, Maandiko mara nyingi yalitangulizwa ili kuficha swali la mila: mama atawaamuruje wazee? Atakapoolewa, atakuwa wa dayosisi gani? Wakati maswali hayo yakizungushwa, wanawake hao hao walikuwa wakifundisha shule ya Jumapili, wakiombea wagonjwa na kukesha kwenye matanga, bila cheo.

Wenzetu wa PCEA walimwekea mikono Nyambura Njoroge mwaka 1982. Mwaka 1983, Askofu Henry Okullu wa Maseno Kusini akampa Lucia Okuthe ukasisi bila kungoja kanisa zima la Kenya likubaliane. Mwaka huo huo Askofu Festo Kivengere alifanya vivyo hivyo Kigezi, Uganda. Uingereza je? Wanawake 32 wa kwanza waliwekewa mikono Bristol mwaka 1994. Waliotuletea Kitabu cha Sala walifika miaka 11 baada ya Maseno Kusini.

Mwaka 2021 Emily Onyango aliwekwa wakfu kuwa askofu msaidizi wa Bondo, na mwaka huo huo Rose Okeno akawa askofu wa Butere.

Hapa kwetu, Jumapili ya kwanza mama kasisi alipoongoza ushirika, wazee kadhaa walibaki vitini. Kwaya ndiyo tuliotangulia mbele. Hatukuwa mashujaa. Ni utaratibu tu: kwaya hushiriki kwanza ili iimbe wengine wakishiriki. Siku ile mstari ulikuwa mfupi na nyimbo zikabaki. Ilipofika Jumapili ya nne, mzee mmoja alisimama, akaja akapiga magoti, na sauti ya tatu ikakosea kuingia kwa sababu ya kumtazama. Mpaka leo, kwenye mazishi, hakosekani anayetuuliza kama kasisi mwenyewe yuko njiani, ilhali mama amesimama kando ya kaburi na kanzu yake.

Ibada ya jubilei itaongozwa na makasisi wawili, mama na baba. Ushirika utakuwa baada ya wimbo wa tano kwenye ratiba. Kwaya tutatangulia, kama kawaida.