Ngala, Kabla Hajawa Barabara

Muulize kijana wa Nairobi Ronald Ngala ni nani, naye atakuonyesha njia: pale matatu zinapobanana, makanga wanaita abiria, na viatu vya mtumba vimetandazwa chini. Tunapita hapo kila siku. Wachache wetu tunajua kwamba jina hilo ni la mwalimu Mgiriama aliyetumia siasa zake kupinga wazo kwamba mambo yote ya Kenya lazima yaamuliwe Nairobi.

Ngala alizaliwa 1923, akasoma Alliance na Makerere, kisha akawa mwalimu mkuu wa shule ya Buxton, Mombasa. Mwaka 1957 aliingia Baraza la Kutunga Sheria. Mwaka 1960, yeye na akina Masinde Muliro na Daniel arap Moi wakaunda KADU, chama cha jamii ndogo zilizohofia kumezwa na KANU, iliyotegemea sana Wakikuyu na Wajaluo.

Kwenye uchaguzi wa 1961 KANU ilipata viti 19, KADU 11. KANU ikakataa kuunda serikali kabla Kenyatta hajaachiliwa. Ngala akakubali kuiongoza. Kwa wafuasi wa KANU, huo ulikuwa usaliti mtupu.

Hoja yake kuu ilikuwa majimbo. Usimcheke. Pwani, watu wengi waliishi kama maskwota kwenye ardhi waliyoihesabu kuwa ya mababu zao. Nani angeigawa upya, na kwa faida ya nani? Lakini pia tusimpake asali: walowezi Wazungu waliunga mkono majimbo, wakitaka kulinda mashamba yao. Hata hivyo, vuguvugu la Mwambao lilipodai ukanda wa pwani ujitenge, Ngala alilipinga. Alitaka Pwani yenye sauti yake, ndani ya Kenya.

Katiba ya 1963 ikaleta mikoa saba yenye mabaraza yake. Haikudumu. KANU ilishinda uchaguzi wa Mei, serikali kuu ikashikilia mfuko wa pesa, na wabunge wa KADU wakaanza kuhama mmoja mmoja. Tarehe 10 Novemba 1964, Ngala akakivunja chama. Mwaka 1966 akawa waziri katika serikali ileile. Yeye alipata kiti, majimbo yakazikwa.

Desemba 1972 gari lake lilipata ajali karibu na Konza, barabara ya Mombasa. Ilisemwa kwamba nyuki waliingia garini, na mpaka leo kuna wasioamini. Alifariki siku ya Krismasi.

Kaunti 47 zilipoanza kazi 2013, si majimbo yake hasa, lakini swali lilikuwa lake. Pwani bado kuna maskwota. Na kila mgao unapochelewa, wafanyakazi wa kaunti hukaa bila mshahara, macho yakiwa Nairobi, jiji lililompa Ngala barabara na kubaki na ufunguo wa sanduku.