Ule mjadala wa kifo ambao filamu zilituficha
Wasee, Tolkien si pete na vita tu. Mwaka wa 1959 hivi aliandika Athrabeth, ikachapishwa 1993, miaka 20 baada ya yeye kufa. Ni maongezi ya kale hata kwa Frodo, yamemtangulia kwa maelfu ya miaka. Finrod, mfalme wa Waelfi wasiozeeka, anabishana na Andreth, mwanamke mwenye hekima. Finrod anaona kifo cha binadamu ni zawadi. Andreth anakataa katakata: hatukuumbwa tufe! Finrod anakiri hata wao wanaogopa, juu dunia ikiisha nao wameisha.

Halafu manze, unagundua uchungu wa Andreth unatoka wapi. Ujanani alimpenda Aegnor, ndugu ya Finrod, na jamaa akajitenga naye sababu ya vita. Sasa yeye anazeeka. Aegnor bado ni kijana.