Mzigo wa Msafiri: Uchongaji wa Changamwe na Kutengana kwa Sanaa za Pwani

Siku hizi majumba ya sanaa duniani yanazienzi kazi zisizokaa katika fungu moja: mbao zilizotiwa rangi na kuvikwa nguo, mabati yaliyoshonwa kwa waya, vitu vilivyopangwa ukumbini hata mtazamaji akatembea ndani ya kazi yenyewe. Wengi huzihesabu kuwa uvumbuzi wa juzi. Historia ya Mombasa bara na vijiji vya nyuma yake inaeleza vingine. Katika kazi kuu za Wamijikenda, uchongaji, rangi, nguo na mahali vilikwenda pamoja. Katika karakana za bara vilitengana, na sababu haikuwa upungufu wa mafundi. Sababu ilikuwa soko la msafiri, mnunuzi aliyetaka kitu cha kubebeka.

Ushahidi wa kwanza ni kigango. Wagiriama, mojawapo ya makabila ya Wamijikenda, walioenea kutoka Kisauni kwenda kaskazini, humsimamishia kigango marehemu aliyekuwa mwanachama wa Gohu, chama cha wazee. Ni ubao mrefu wa mti mgumu, wenye kichwa mara nyingi cha duara na mwili uliojaa nakshi za pembetatu zilizotiwa rangi. Kisha hufungwa vitambaa, hutiliwa tembo, na husimamishwa mahali pake. Ukoo ukihama, chenyewe hubaki. Mchongaji peke yake hakimalizi: pasipo nguo hakijavishwa, na pasipo mahali hakina wa kumkumbusha. Kazi hiyo ni uchongaji, uchoraji na nguo kwa pamoja, na ardhi iliposimama ni sehemu yake.

Karakana za Changamwe, Mombasa bara, zilifuata njia nyingine. Mutisya Munge wa Wamunyu, Ukambani, anatajwa kuwa ndiye aliyejifunza uchongaji kwa Wazaramo wa Tanganyika wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, akaupeleka kwao. Wakamba waliteremka pwani na ujuzi huo, na mwaka 1963 wachongaji wakaunda chama chao cha ushirika Changamwe, kati ya bandari ya Kilindini na uwanja wa ndege. Mahali hapo paliamua mengi. Twiga au swala wa mbao alitakiwa aingie sandukuni, asimame popote na aeleweke bila maelezo. Kazi ikagawanywa: huyu anachonga kwa tezo, yule anapiga msasa, mwingine anang'arisha kwa rangi ya viatu hadi mti mwepesi ufanane na mpingo. Nguo haikuwa na nafasi humo, wala mahali. Kule Bombolulu, kwenye karakana za watu wenye ulemavu zilizoanzishwa mwaka 1969, nguo zilichapwa, vipuli vilitengenezwa na mbao zikachongwa, lakini kila ufundi ulikuwa na karakana yake na bidhaa yake.

Soko halikuishia kwa twiga. Katika miaka ya 1980 vigango viling'olewa vijijini vikauzwa Marekani, na makumbusho yakavionyesha ukutani kama sanamu, vitambaa vimekwisha kutoka. Vigango viwili vilivyokuwa katika makumbusho ya Illinois na Chuo Kikuu cha Hampton vilirudi kijijini mwaka 2007 baada ya mtaalamu Monica Udvardy na wenzake kufuatilia nyayo zake. Kilichokuwa kazi ya uchongaji, rangi, nguo na mahali kilikuwa kimepunguzwa kuwa uchongaji mtupu, kwa kule kubebwa tu.

Wapo watakaosema kigango ni ibada, na kukiita sanaa ni kukivunjia heshima. Hoja hii ina uzito, na inathibitisha ninalodai: heshima yake haitengani na mahali pake, kwa hiyo anayekiheshimu hawezi kukiita sanamu ya ukutani. Wengine watasema twiga wa Changamwe wamesomesha watoto. Ni kweli, na hakuna haki ya kuwabeza wachongaji. Ninachopinga ni kuuchukulia mgawanyo huo kuwa ndiyo tabia ya sanaa yetu. Tena kuna wanaodai kwamba kazi isiyosafiri haiwezi kuishi leo. Msanii El Anatsui wa Ghana amewajibu kwamba kusafiri si lazima kuitenganishe kazi na mahali: vifuniko vya chupa alivyoviunga kwa waya wa shaba hukunjwa na kusafirishwa, kisha kila ukuta huvipa umbo jipya. Mkenya Naomi Wanjiku Gakunga naye hufanya mabati yakunjike na kushoneka kama kitambaa.

Kwa hiyo kinachohitajika Mombasa bara ni kufundisha fundi mmoja zaidi ya kazi moja. Mikono ya kuchonga ipo Changamwe, ya kuchapa nguo ipo Bombolulu. Vijana wa Likoni na Kisauni wakifundishwa tezo, rangi na nguo katika darasa moja, na wazee wa Kigiriama wakaombwa kueleza kwa nini kigango hakihamishwi, watapata msingi wa sanaa mpya ambao hawalazimiki kuuagiza kutoka nje.