Tambarare Adimu ya Eibar: Uwanja wa Ipurua na Suala la Udogo

Klabu ya Eibar ilipopanda Ligi Kuu ya Hispania mwaka 2014, wengi waliita tukio hilo muujiza. Mji wa watu wapatao 27,000, wenye uwanja wa watazamaji 5,000 na ushei, sasa ungewapokea Real Madrid na Barcelona. Neno "muujiza" linapendeza, ila linafuta historia. Uwanja wa Ipurua umetokana na namna mji wenyewe ulivyozoea kumiliki mali kwa pamoja, na hilo ndilo linalostahili kuchunguzwa.

Tuanze na ardhi. Eibar, katika jimbo la Gipuzkoa la Wabaski, umebanwa na milima ndani ya bonde jembamba la mto Ego. Mafundi wake walifua bunduki kwa karne kadhaa, na kwa kukosa pa kutanukia wakajenga karakana za ghorofa. Vita vya wenyewe kwa wenyewe viliuteketeza mji mwaka 1937. Klabu ilizaliwa mwaka 1940, mji ukiwa bado unajijenga upya, na Ipurua ukafunguliwa Septemba 1947. Mahali ambapo kila kipande cha tambarare kingeweza kubeba kiwanda, kukitenga kwa ajili ya mpira ulikuwa uamuzi mzito. Hadi leo majengo marefu ya makazi yameuinamia uwanja, na mechi hutazamwa kutoka roshani.

Kisha kuna ushirika. Mwaka 1920 wafanyakazi wa chuma wa Eibar walianzisha kampuni yao wenyewe, Alfa, iliyoanza kwa kutengeneza bastola na baadaye ikageukia cherehani. Sidai kwamba ushirika huo ulizaa timu. Miji mingi ya mafundi haijawahi kuiona Ligi Kuu. Ninachodai ni kwamba shida ilipobisha hodi, wenyeji hawakuwa wageni wa kuchangishana.

Na shida ilikuja pamoja na ushindi. Sheria ya Hispania ilizitaka klabu ziwe na mtaji usiopungua robo ya wastani wa matumizi ya klabu za daraja la pili. Lengo lilikuwa kuzuia madeni. Eibar haikuwa na deni, lakini mtaji wake ulikuwa euro 422,253 tu. Ikatakiwa kuongeza euro 1,724,272 kabla ya tarehe 6 Agosti 2014, la sivyo ishushwe daraja. Hapa sheria ilimwadhibu mwenye nidhamu kwa kosa la wengine, na naona vigumu kuitetea. Klabu ingeweza kumtafuta tajiri mmoja. Badala yake iliuza hisa kwa umma na kuweka kikomo: hakuna mtu aliyeruhusiwa kununua zaidi ya euro 100,000. Maelfu walijitokeza kutoka nchi nyingi, na fedha zikatimia kabla ya siku ya mwisho. Tarehe 24 Agosti, bao la mpira wa adhabu la Javi Lara liliwapa ushindi wa 1–0 dhidi ya jirani zao Real Sociedad, palepale Ipurua.

Kuna pingamizi la haki: kilichoiweka Eibar juu kwa misimu 7, hadi 2021, ni fedha za televisheni, hasa baada ya sheria ya 2015 kuamuru haki za matangazo ziuzwe kwa pamoja. Ni kweli. Lakini mgawo huo ulifuata mantiki ileile ya kuchangia kapu moja, safari hii kwa ligi nzima, na bila hisa za 2014 Eibar isingekuwapo kuupokea.

Majukwaa yalipanuliwa hadi nafasi 8,164. Wanaoendelea kuuita Ipurua uwanja mdogo wanahesabu viti na kusahau watu: humo wanaweza kuketi karibu 3 kati ya kila wakazi 10 wa Eibar. Camp Nou, kwa nafasi zake 99,000 hivi kabla ya ukarabati, usingemkalisha hata mmoja kati ya kila 10 wa Barcelona.